Katuni Ndefu za Safari na Mikasa Zisizo na Mabango: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Jumamosi jioni sebule yetu hujaa. Wapo wanangu wawili, wapo wapwa zangu, na wapo watoto wa jirani wanaovua ndala mlangoni bila kuambiwa. Miaka kadhaa sasa tunatazama katuni ndefu za safari na mikasa, zile ambazo sura zake huzikuti kwenye mabegi ya shule wala kwenye keki za kuzaliwa. Wazazi wenzangu waliposikia walianza kuuliza, na maswali yao yanafanana mno hata nimeona niyaweke mahali pamoja.

Unaposema "hazijulikani", hazijulikani na nani?

Na sisi huku. Kirikou et la sorcière, iliyotoka mwaka 1998, iliuza tiketi zaidi ya milioni moja katika kumbi za sinema za Ufaransa. Mtaje Kirikou hapa mtaani kwetu, watu watakutazama tu. Flow ya Latvia ilipata tuzo ya Oscar mwezi Machi 2025, na bado sijakutana na jirani aliyekuwa ameiona kabla sijamwonyesha.

Sababu haihusu ubora. Katuni za studio kubwa za Marekani hutengenezwa kwa fedha nyingi mno, kisha fungu jingine nono huenda kwenye matangazo, midoli na mabegi. Flow nzima iligharimu takribani euro milioni 3.5. Hapo hakuna fedha ya kukufuata mpaka dukani kwa Mangi. Filamu ya namna hiyo unaifuata wewe.

Nianze na ipi?

Anza na hiyohiyo Flow, iliyoongozwa na Gints Zilbalodis. Paka mmoja anaishi peke yake msituni, katika nyumba ambayo wenyewe hawapo. Maji yanaanza kupanda, na hakuna anayeeleza yametoka wapi. Paka anaokolewa na mashua ya tanga, na humo ndani anakuta capybara, yule panya mkubwa wa Amerika ya Kusini anayekaribia ukubwa wa mbuzi. Baadaye wanaongezeka lemuri anayekusanya vitu vinavyong'aa, mbwa asiyependa kuwa peke yake, na ndege karani, huyuhuyu wa mbuga zetu mwenye miguu mirefu, anayeua nyoka kwa mateke. Mashua inasonga, maji yanazidi, na hao watano hawapatani.

Hakuna neno hata moja linalotamkwa kwa karibu saa moja na nusu. Paka analia kipaka, mbwa anabweka kimbwa, na sauti nyingi zilirekodiwa kwa wanyama wa kweli. Aliyesumbua ni capybara. Sauti yake halisi ni nyembamba na kali, haimwelekei mnyama mtulivu vile, kwa hiyo akapewa sauti ya mtoto wa ngamia. Nilipowaambia watoto hilo, waliomba turudie filamu nzima ili wamsikilize yeye tu.

Ukiipenda, tafuta kazi ya kabla ya mwongozaji huyo, Away ya mwaka 2019. Kijana yuko kisiwani na pikipiki, kivuli kikubwa kinamfuata polepole bila kuchoka. Zilbalodis aliitengeneza peke yake, picha hadi muziki, kwa zaidi ya miaka mitatu. Utaona mahali ambapo mkono wake ulikuwa bado unajifunza, na hapo ndipo mimi huiona tamu zaidi.

Hakuna za Afrika?

Zipo, ila tutenganishe mambo mawili: zinazosimulia Afrika, na zilizotengenezwa na Waafrika wenyewe.

Katika fungu la kwanza Kirikou ndiye kaka mkubwa. Mtoto anazungumza akiwa bado tumboni mwa mama yake, anajizaa mwenyewe, na siku hiyohiyo anaanza kuuliza maswali ambayo wakubwa wa kijiji hawakuthubutu kuuliza. Chemchemi imekauka. Wanaume wametoweka. Kila mtu anasema mchawi Karaba ndiye aliyewala. Kirikou anataka kujua kitu kimoja tu: kwa nini Karaba ni mbaya? Sitakueleza jibu, isipokuwa kwamba lina maumivu ya kweli ndani yake, na mtu mzima ataelewa zaidi ya mtoto. Muziki ni wa Youssou N'Dour, na sauti za waigizaji zilirekodiwa Dakar. Mwongozaji wake, Michel Ocelot, ni Mfaransa aliyekulia Conakry, Guinea.

Zarafa ya mwaka 2012 inatokana na jambo lililotukia. Muhammad Ali, mtawala wa Misri, alimpelekea mfalme Charles wa Kumi wa Ufaransa zawadi ya twiga. Mnyama huyo alikamatwa Sudan akiwa mdogo, akashuka na Mto Nile, akavuka bahari hadi Marseille, na mwaka 1827 akatembea kwa miguu hadi Paris kwa siku 41. Akaishi huko miaka 18. Filamu inaongeza mtoto wa Kisudani aitwaye Maki, aliyewatoroka wafanyabiashara wa watumwa na kuahidi kumrudisha twiga kwao, na inaongeza puto la hewa linalopaa. Zarafa ni neno la Kiarabu, maana yake twiga. Ukiwa na mtoto aliyewaona twiga wa Mikumi wakivuka barabara, muulize anafikiri mnyama yule angejisikiaje kwenye baridi ya Paris.

Adama ya mwaka 2015 ni nzito zaidi. Mvulana wa miaka 12 kutoka kijiji cha Afrika ya Magharibi anamfuata kaka yake aliyechukuliwa na watu wa mbali, na safari inamfikisha Verdun, Ufaransa, mwaka 1916, katikati ya Vita Kuu ya Kwanza. Wahusika wake walifinyangwa kwa udongo kwanza, ndipo wakaingizwa kwenye kompyuta, kwa hiyo nyuso zao zina uzito wa kinyago. Historia hiyo si ya wenzetu peke yao. Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi zimepata majina yao kwa Carrier Corps, kikosi cha wapagazi waliobebeshwa mizigo ya vita hiyohiyo upande wetu wa bara. Baada ya filamu nilimwonyesha mpwa wangu mkubwa jina la Kariakoo kwenye kioo cha mbele cha daladala na kumweleza lilikotoka. Alinyamaza kwa muda.

Fungu la pili ni dogo lakini linakua. Kizazi Moto, iliyotoka Disney+ mwaka 2023, si filamu moja ndefu. Ni kumi fupi, kazi za wasanii kutoka Kenya, Uganda, Afrika Kusini, Zimbabwe, Nigeria na Misri, chini ya jina la Kiswahili. Ndani yake mna Enkai ya Ng'endo Mukii wa Kenya na Herderboy ya Raymond Malinga wa Uganda. Hiyo ya Malinga inawapeleka wachunga ng'ombe kwenye zama zijazo, na fimbo ya mchungaji bado ni fimbo ya mchungaji. Studio ya Triggerfish ya Cape Town, iliyosimamia mkusanyiko huo, ndiyo iliyotoa pia Adventures in Zambezia na Khumba.

Ndani ya Kirikou wanawake wako vifua wazi na mtoto yuko uchi. Niwaonyeshe wanangu?

Mimi niliwaonyesha. Ocelot alichora kijiji cha Afrika ya Magharibi cha zamani kama anavyokikumbuka tangu utotoni, na wasambazaji wa nje walipotaka wahusika wafunikwe alikataa. Hakuna kitu kichafu mle. Ukitaka uhakika, itazame kwanza wewe mwenyewe usiku mmoja kisha uamue. Nyumba yako unaijua wewe.

Lugha itakuwaje? Watoto hawajui Kifaransa, na maandishi ya chini yanawapita mbio.

Simulia. Hatuanzi sisi. Vibanda umiza vya Dar es Salaam viliinuka kwa watu kama Lufufu, aliyegeuza filamu za Kichina na Kihindi kuwa hadithi za Kiswahili kwa sauti yake moja. Kenya wanaye DJ Afro. Uganda wana mabingwa wao. Mzazi aliyeketi kwenye mkeka anaweza kufanya hivyohivyo kwa watu saba. Itazame kwanza peke yako, andika majina na mambo matano makubwa kwenye kipande cha karatasi, halafu usitafsiri kila neno. Nyamaza panapoongea picha.

Kuna ambazo hazikuhitaji kabisa. Mbali na mbili za Zilbalodis, ipo O Menino e o Mundo ya Brazil, ya mwaka 2013, kazi ya Alê Abreu. Baba anapanda treni kwenda kutafuta kazi, mtoto anamfuata. Maneno machache yanayosikika ni Kireno kilichogeuzwa nyuma mbele, hivyo Mbrazili mwenyewe haelewi zaidi yako. Inaanza na mistari ya kalamu za rangi kwenye ukurasa mweupe, na kadiri mtoto anavyokaribia jiji, ukurasa unajaa mpaka unakosa pa kupumua. Katika nyumba ambayo baba yuko mbali kikazi, kaa karibu na watoto wakati wa kuitazama hii.

Na ipo Azur et Asmar, ya mwaka 2006, ya Ocelot huyohuyo: wavulana wawili walionyonya kwa mama mmoja, mmoja mwanawe na mwingine aliyemlea, wanavuka bahari kumtafuta binti wa majini. Wahusika wanapozungumza Kiarabu, Ocelot aliacha makusudi pasiwe na maandishi ya chini, ili mtazamaji wa Ulaya aonje ugeni. Mtoto wa Tanga au Lamu anayekwenda chuoni atayadaka maneno ambayo mtoto wa Paris hayapati. Mwanangu aliruka alipolisikia la kwanza.

Mbona nyingine picha zake ni bapa, hazing'ai kama katuni za siku hizi?

Kwa sababu wenyewe wamechagua hivyo. Chukua Tout en haut du monde ya Rémi Chayé, ya mwaka 2015, ambayo kwa Kiingereza utaikuta kwa jina la Long Way North. Ni mwaka 1882, Saint Petersburg. Sasha, binti wa ukoo mkubwa, anatoroka nyumbani kwenda kuitafuta meli ya babu yake iliyopotea ikielekea Ncha ya Kaskazini. Mchoro hauna mistari ya wino inayozunguka mwili. Ni rangi juu ya rangi, kivuli kimekatana na mwanga. Watoto watauliza mbona mikono haina ukingo. Subiri mpaka meli inase kwenye barafu. Weupe ule usio na mwisho, na watu wadogo kama punje juu yake, unakutia baridi hata ukiwa Mbagala mwezi wa Februari. Kila kitu kingechorwa kikang'aa, weupe huo usingekuwa na nguvu.

Studio ya Cartoon Saloon ya mji wa Kilkenny, Ireland, imefanya bapa kuwa lugha yake. The Secret of Kells ya mwaka 2009 imechorwa kwa kufuata kurasa za kitabu cha Injili cha watawa wa Ireland, kilichoandikwa na kupambwa kwa mkono yapata miaka 1,200 iliyopita. Song of the Sea ya mwaka 2014 ni hadithi ya msichana ambaye ni mtu nchi kavu na sili baharini. Mtu wa pwani aliyelala na hadithi za nguva haitaji maelezo mengi.

Wolfwalkers ya mwaka 2020 nayo tazama. Jinsi mstari wa penseli unavyolegea kila tunapoingia msituni na kunyooka tunaporudi mjini, hilo peke yake ni hadithi.

Kuna filamu ya mwaka 1926 umeisifu kwa watu. Haina mazungumzo na ni vivuli vitupu. Watoto watavumilia?

Wetu walivumilia, ila si kwa mkupuo mmoja. Die Abenteuer des Prinzen Achmed ndiyo katuni ndefu ya zamani zaidi iliyosalia hadi leo. Lotte Reiniger, Mjerumani, aliikata kwa mkasi: kila mtu, kila farasi, kila jini ni karatasi nyeusi na vipande bapa vya madini ya risasi, vimeungwa kwenye viungo kwa waya, vikalazwa juu ya kioo chenye taa chini yake. Sogeza kidogo, piga picha, sogeza tena. Alifanya kazi hiyo tangu 1923 hadi 1926 na kikundi kidogo, akiwemo mume wake Carl Koch, kwenye dari la gereji moja huko Potsdam.

Na hadithi unaijua. Imetoka Alfu Lela Ulela: farasi anayeruka, Aladini na taa yake, Peri Banu anayejivua manyoya ya ndege aoge ziwani. Aliyesoma Alfu Lela Ulela ya Kiswahili ana neema kubwa hapa, maana anaweza kusimulia mwenyewe juu ya picha. Gawa filamu mafungu matatu. Zima taa ya chumba. Nakuonya jambo moja: mchawi mwovu anaitwa mchawi wa Kiafrika, na sura alizopewa baadhi ya watu ni za macho ya Ulaya ya wakati ule. Sikulificha hilo kwa watoto. Tulisimamisha, tukaongea, tukaendelea.

Nimekuta matoleo mawili ya Le Roi et l'Oiseau. Halisi ni ipi?

Ya mwaka 1980. Paul Grimault na mshairi Jacques Prévert waliianza miaka ya 1940: mchungaji wa kike na kijana msafisha dohani wanatoka ndani ya picha za ukutani kwenye kasri la mfalme katili, wanakimbia, na ndege mwenye domo refu anawasaidia. Fedha zilipokwisha, mtayarishaji akaitoa mwanzoni mwa miaka ya 1950 ikiwa haijakamilika, bila ridhaa yao. Grimault alipigania kuipata tena, akafanikiwa mwaka 1967, kisha akaimalizia. Prévert alifariki mwaka 1977, hakuuona mwisho wa kazi yake. Ukikuta toleo la Kiingereza lenye neno Wonderbird kwenye jina, hilo ni lile la mwanzo. Hayao Miyazaki na Isao Takahata, waanzilishi wa studio ya Ghibli ya Japani, wote wawili wamesema walijifunza kutoka kwake, na ukiliona lile roboti kubwa likibomoa mji utajua walichojifunza.

Bando langu ni dogo. Kuna za bure, na ziwe halali?

Zipo. Sintel ya mwaka 2010, ya dakika kama 15, ilitengenezwa na Blender Foundation, wenye programu ya kutengenezea katuni iitwayo Blender: msichana anazunguka dunia akimtafuta joka mdogo aliyempoteza. Leseni yake inaruhusu kuipakua, kuinakili kwenye flashi, kumpa jirani na hata kuionyesha shuleni, mradi utaje walioitengeneza. Mwisho wake unauma, waandae walio wadogo. Sita Sings the Blues ya Nina Paley, ya mwaka 2008, ni ndefu na mwenyewe ameiachia umma wote. Inasimulia Ramayana, utenzi wa kale wa Kihindi, inafaa zaidi vijana na wakubwa. Pakua usiku mara moja, weka kwenye flashi, tazama mara kumi bila intaneti.

Zipi nisiwaonyeshe walio chini ya miaka kumi?

Adama, kwa sababu ya mahandaki ya vita. The Breadwinner, ya Kabul chini ya Taliban. Na Fehérlófia ya Hungaria, ya mwaka 1981, kazi ya Marcell Jankovics, ambayo ina picha za uzazi na miili zisizofichwa. Lakini kijana wa sekondari mpe bila kusita, kwa kuwa rangi zake zinayeyuka na kugeuka kama moto, na mazimwi yake ya vichwa vingi hatayasahau.

Nitazipataje nyingine bila kukuuliza?

Fuata mkono uliochora. Ukipenda filamu, usitafute "inayofanana nayo". Tafuta jina la mwongozaji na jina la studio, kisha shika kazi zao zote moja baada ya nyingine. Ukimaliza, tazama msambazaji. Kampuni ya GKIDS ya Marekani, kwa mfano, ndiyo iliyopeleka huko The Secret of Kells, Song of the Sea na O Menino e o Mundo, na orodha yake ni ghala zima. Tamasha la Annecy la Ufaransa, lililoanza mwaka 1960, hutoa tuzo ya Cristal kila Juni. Soma orodha ya washindi kurudi nyuma. Andika jina la asili la filamu unapotafuta, pamoja na mwaka, maana jina la Kiingereza hubadilika toka nchi hadi nchi. Na ukiwa Dar es Salaam au Nairobi, pita Alliance Française na Goethe-Institut, vituo vya utamaduni vya Ufaransa na Ujerumani, uulize ratiba ya sinema. Zanzibar tunayo ZIFF, tamasha la filamu la nchi za jahazi, tangu 1998.

Mtoto wangu sasa anataka kutengeneza yake. Aanzie wapi?

Akiwa na kompyuta, Blender ni ya bure, na ndiyo iliyotengeneza Flow. Akiwa hana, afuate njia ya Lotte Reiniger. Wetu walikata sungura na fisi kwenye boksi la biskuti, wakaunga miguu kwa waya wa ufagio wa chuma uliokatika, wakalaza kioo cha dirisha la zamani juu ya viti viwili na tochi ya simu chini yake. Simu ya pili tuliifunga kwa mpira juu ya ndoo ndefu, ipige picha. Unahitaji picha kama kumi na mbili kwa kila sekunde moja. Jumamosi ya kwanza tulipata sekunde nne: fisi anageuza kichwa, anaona mfupa, anasimama. Wiki hii wanataka aule.